Maswali ya Wasomaji: John Fogerty na nyimbo alizotunga bila kuzimiliki

Barua nyingi tulizopokea safari hii zinamhusu mtu mmoja, John Fogerty, mwimbaji, mpiga gitaa na mtunzi wa Marekani aliyeiongoza bendi ya Creedence Clearwater Revival kuanzia mwaka 1968 hadi 1972, na ambaye hata baada ya kutimiza miaka 80 hajaacha kupanda jukwaani. Nimechagua zile zinazogusa kazi yake ya muziki pamoja na mikataba iliyoifunga kazi hiyo, nikaziweka kando zinazouliza habari za nyumbani kwake. Pale ambapo wasomaji kadhaa wameuliza jambo lile lile, nimeunganisha maswali yao kuwa moja.

*Ndugu Mhariri, nyimbo za Fogerty zimejaa vinamasi, mito na meli za mvuke za Kusini mwa Marekani, na sauti yenyewe ni ya mtu wa huko. Je, alizaliwa Louisiana au Mississippi?*

Hakuzaliwa huko wala hakulelewa huko. Fogerty alizaliwa Berkeley, California, tarehe 28 Mei 1945, akakulia El Cerrito, mji mdogo ulio jirani, kwenye ukingo wa ghuba ya San Francisco. Huko Kusini alikujua kwa njia ya redio na santuri: blues za watu weusi, rokabili ya Memphis, gospeli na muziki wa kantri, mambo ambayo kijana mwenye masikio makini aliweza kuyapata bila kutoka chumbani mwake. "Born on the Bayou", wimbo unaomfanya msikilizaji aape kwamba mwimbaji alizaliwa kando ya kinamasi, ulitungwa na mtu aliyekuwa akikitazama kinamasi hicho kwa macho ya moyo tu. Wapo waliomlaumu kwa hilo, wakisema anajitia asili isiyo yake. Mimi sioni kosa, kwa kuwa mtunzi halazimiki kuishi kila anachokiimba, na wasikilizaji wengi wa Kusini wenyewe walizipokea nyimbo hizo kama zao.

Bendi yenyewe ilianza shuleni. Fogerty, Stu Cook aliyekuja kupiga besi na Doug Clifford mpiga ngoma walikutana katika shule ya Portola hapo El Cerrito, wakaunda kikundi walichokiita The Blue Velvets. Tom Fogerty, kaka yake John aliyemzidi karibu miaka minne, alijiunga nao, na kwa muda mrefu yeye ndiye aliyekuwa mwimbaji mkuu. Mwaka 1964 walitia saini na Fantasy Records, kampuni ndogo ya San Francisco iliyojulikana zaidi kwa jazi, na kampuni ikawabandika jina la The Golliwogs ambalo hawakulipenda hata kidogo. Miaka hiyo ya kati haikuwaletea mengi. John aliitwa jeshini mwaka 1966 akatumikia katika kikosi cha akiba, na mwaka 1967 Fantasy ikanunuliwa na Saul Zaentz pamoja na washirika wake. Zaentz aliwaruhusu wajipe jina jipya, Creedence Clearwater Revival, wakatia saini mkataba mpya, na karibu kila tutakalolisoma hapa chini lina mizizi katika karatasi hizo.

*Nimeambiwa kwamba Creedence hawakuwahi kushika namba moja Marekani. Hilo linawezekanaje kwa bendi maarufu hivyo?*

Ni kweli kwa upande wa nyimbo mojamoja. Katika chati ya Billboard Hot 100 walifika nafasi ya pili mara 5, kwa "Proud Mary", "Bad Moon Rising", "Green River", "Travelin' Band" na "Lookin' Out My Back Door", na kila mara wakakuta kiti cha juu kimekaliwa. Uingereza, hata hivyo, "Bad Moon Rising" ulifika kileleni mwaka 1969, na kwa upande wa albamu "Green River" na "Cosmo's Factory" zote mbili zilishika namba moja nyumbani kwao. Kwa hiyo takwimu hiyo ni ya kufurahisha barazani tu, haipimi chochote cha maana.

*Waliachana kwa nini wakati walikuwa wanauza santuri kuliko karibu kila mtu?*

Swali hili limeletwa na wasomaji wengi kuliko mengine, na majibu yanayozagaa mitaani huwa ya upande mmoja: ama John alikuwa dikteta, ama wenzake walikuwa na wivu. Tuanze na kazi iliyofanyika. Katika mwaka 1969 peke yake bendi ilitoa albamu 3, "Bayou Country", "Green River" na "Willy and the Poor Boys", na mwaka uliofuata ikaongeza mbili, "Cosmo's Factory" na "Pendulum". Ukiondoa nyimbo chache za kurudia za watu wengine, nyimbo hizo alizitunga John, akaziimba John, akazipanga ala John, na ndiye aliyesimamia kurekodiwa kwake. Isitoshe alijitwika pia umeneja wa bendi, kazi asiyokuwa na mafunzo nayo. Mtu anayefanya hayo yote huzoea kuamua bila kuuliza, na wale wanaosimama nyuma yake huzoea kukaa kimya mpaka siku wanapochoka.

Mfano mzuri ni tamasha la Woodstock la Agosti 1969. Creedence walikuwa miongoni mwa majina makubwa ya kwanza kukubali kushiriki, na kukubali kwao kuliwavuta wengine, lakini walipanda jukwaani baada ya usiku wa manane, wakiifuata bendi ya Grateful Dead, mbele ya watu ambao wengi wao walikuwa wameshalala. John hakuridhika na onyesho hilo, akakataa lisitumike katika filamu wala katika albamu ya tamasha. Wenzake waliona wamepiga vizuri. Rekodi kamili ya onyesho hilo ilitolewa mwaka 2019, miaka 50 baadaye, na anayeisikiliza leo atakuta bendi iliyo sawasawa kabisa, yenye nguvu na isiyopoteza mapigo. Uamuzi wa John uliwanyima sehemu katika filamu iliyozitambulisha bendi nyingine duniani kote.

Tom ndiye aliyeondoka kwanza, mwanzoni mwa mwaka 1971. Fikiria hali yake: kaka mkubwa, aliyekuwa mwimbaji wa kikundi kabla mdogo wake hajafungua kinywa, sasa anapiga gitaa la kuitikia na mapendekezo yake hayasikilizwi. "Have You Ever Seen the Rain", wimbo ambao watu wengi huudhania kuwa wa vita, John mwenyewe ameeleza kwamba aliutunga kwa ajili ya bendi iliyokuwa ikisambaratika ilhali imefika kileleni. Baada ya Tom kuondoka, Cook na Clifford walidai nafasi ya kutunga na kuimba, na safari hii John akaitoa kwa ukamilifu kupita kiasi, yaani kila mmoja atunge sehemu yake na aiimbe mwenyewe. Matokeo yake yalikuwa albamu ya "Mardi Gras" ya mwaka 1972, iliyopondwa vibaya na wahakiki. Wapo wanaoamini kwamba John alikusudia wenzake waumbuke. Nia ya mtu ni vigumu kuisoma, ila kiongozi aliyewanyima wenzake nafasi kwa miaka minne na kisha akawaachia mzigo mzima kwa ghafla hakuwasaidia hata kidogo. Mnamo Oktoba 1972 bendi ilitangaza kuvunjika.

Pamoja na ugomvi wa ndani kulikuwa na fedha. Sehemu kubwa ya mapato yao iliwekwa katika benki ya Castle Bank & Trust huko Nassau, Bahamas, kwa ushauri kwamba wangepunguza kodi, na benki hiyo ilipoanguka mwaka 1977 akiba ya vijana hao ilipotea. Walikuja kuwashtaki washauri wao na wakashinda mahakamani mwaka 1983, lakini kushinda kesi na kupata fedha mkononi ni mambo mawili.

*Mtu anawezaje kushtakiwa kwa kujiiga mwenyewe? Nilidhani ni mzaha niliposoma habari hiyo.*

Si mzaha, na ukishaelewa jambo moja halitakushangaza tena. Wimbo uliorekodiwa una haki mbili zinazokaa pamoja bila kuwa kitu kimoja. Ya kwanza ni haki ya utunzi, yaani maneno na lahani, na ya pili ni haki ya rekodi yenyewe, yaani zile sauti zilizonaswa studioni siku fulani na watu fulani. Mtunzi anaweza kuziuza, kuzigawa au kuzikabidhi zote mbili, na akishazikabidhi, jina lake litaendelea kuandikwa kwenye jalada kama mtunzi ilhali mali ni ya mwingine. Kwa mkataba wao, haki za nyimbo za Creedence zilikuwa mikononi mwa Fantasy na kampuni yake ya uchapishaji wa muziki. Isitoshe mkataba ulidai idadi kubwa ya rekodi kila mwaka, na upungufu wowote ulibebwa mwaka uliofuata kama deni. Bendi ilipovunjika, wenzake waliachiliwa waende zao, lakini John, aliyekuwa ndiye mtunzi na sauti, alibaki anadaiwa albamu kadhaa na kampuni ambayo hakutaka tena hata kupita mlangoni pake.

Alijaribu kutoka kwa njia mbalimbali. Mwaka 1973 alitoa albamu ya nyimbo za kantri na gospeli za watu wengine kwa jina la The Blue Ridge Rangers, kana kwamba ni bendi, kumbe kila ala na kila sauti ilikuwa yake. Kampuni ya Asylum ya David Geffen ilimsaidia kununua nafasi ya kurekodi kwao nchini Marekani, akatoa albamu nyingine mwaka 1975. Humo ndimo ulimo "Rockin' All Over the World", ambao Status Quo, bendi ya Uingereza, waliuchukua mwaka 1977 na wakaufungulia tamasha la Live Aid uwanjani Wembley tarehe 13 Julai 1985. Albamu iliyokusudiwa kufuata, "Hoodoo", haikutolewa. Hatimaye, ili aachiliwe kabisa, Fogerty aliiachia Fantasy mrabaha uliokuwa ukimjia kutokana na nyimbo za Creedence. Alinunua uhuru wake kwa kuuza kipato cha kazi yake bora kuliko zote.

Alirejea Januari 1985 na albamu ya "Centerfield", ambayo pia alipiga ala zote peke yake, na ikashika namba moja Marekani. Wimbo wake wa kwanza kutoka humo, "The Old Man Down the Road", uliingia katika kumi bora. Fantasy wakaenda mahakamani wakidai kwamba wimbo huo ni "Run Through the Jungle" wa mwaka 1970 uliovalishwa maneno mapya. "Run Through the Jungle" ulitungwa na Fogerty, lakini mwenye hakimiliki alikuwa Fantasy, na kwa macho ya sheria anayenakili mali ya mwenzake hasamehewi kwa sababu tu yeye ndiye aliyeitengeneza zamani. Kwa hiyo dai lenyewe halikuwa la kipuuzi kisheria. Upuuzi wake, nikiruhusiwa kusema, ulikuwa katika kumtaka mtunzi mwenye mtindo wake asifanane na nafsi yake.

Kesi ilisikilizwa San Francisco mwaka 1988. Fogerty alipanda kizimbani na gitaa lake, akalipiga mbele ya baraza la wazee wa mahakama, akiwaonyesha jinsi anavyotunga na mahali ambapo nyimbo hizo mbili zinakutana kwa mtindo lakini zinatofautiana kwa lahani. Baraza liliamua upande wake. Ni vema pia kukumbuka kwamba hakuwa mgeni wa madai ya aina hii, kwani miaka ya mwanzo ya 1970 wachapishaji wa wimbo mmoja wa Little Richard walilalamika kwamba "Travelin' Band" ulikuwa umeukaribia mno wimbo wao, na jambo hilo likamalizwa kwa makubaliano.

Tena kulikuwa na shauri lingine lililotokana na albamu hiyo hiyo ya 1985. Wimbo mmoja humo ulimhusu mnyama asiyejua kucheza lakini hodari wa kuiba fedha za watu, na jina la wimbo lilifanana na la Zaentz kiasi kwamba hakuna aliyehitaji kufumbuliwa fumbo. Zaentz alidai amekashifiwa, kampuni iliyoitoa albamu ikabadilisha herufi ya kwanza ya jina hilo katika matoleo yaliyofuata, na shauri likaishia kwenye makubaliano nje ya mahakama. Hapo, kwa maoni yangu, Fogerty alijitafutia. Mwenye hasira anapompa adui yake silaha kwa hiari, hana budi kutarajia kwamba itatumika.

*Mimi ni mwanafunzi wa sheria. Mwalimu wetu aliitaja kesi ya Fogerty dhidi ya Fantasy kama uamuzi wa Mahakama ya Juu ya Marekani. Je, Mahakama ya Juu ndiyo iliyoamua kwamba nyimbo hizo hazifanani?*

Hapana, ndugu yangu, suala la kufanana lilikwisha mwaka 1988 mbele ya baraza. Kilichofika Mahakama ya Juu ni gharama za mawakili. Sheria ya hakimiliki ya Marekani inamruhusu jaji kumwamuru aliyeshindwa amlipe mshindi gharama hizo, ila mahakama kadhaa, pamoja na zile zilizolisikiliza shauri lake, zilikuwa na desturi ya kutumia vipimo viwili. Mdai aliyeshinda alilipwa karibu kama jambo la kawaida, lakini mdaiwa aliyeshinda alitakiwa kwanza athibitishe kwamba kesi ilifunguliwa kwa nia mbaya au bila msingi wowote. Fogerty hakuweza kuthibitisha hivyo, akanyimwa.

Tarehe 1 Machi 1994 Mahakama ya Juu ilitengua msimamo huo kwa kauli moja, uamuzi ukiandikwa na Jaji Mkuu William Rehnquist. Hoja yake ni kwamba lengo la sheria ya hakimiliki ni kuunufaisha umma kwa kazi za sanaa, na kwamba mdaiwa anayetetea haki yake ya kutunga mpaka mwisho anaitumikia sheria hiyo sawa na mdai anayelinda mali yake, kwa kuwa wote wawili husaidia kuonyesha mpaka wa hakimiliki ulipo. Kwa hiyo wapimwe kwa kipimo kimoja, na jaji atumie busara yake. Haikusemwa kwamba kila mshindi lazima alipwe, na hapo ndipo wanafunzi wengi huteleza. Shauri lilirudishwa chini, na hatimaye Fogerty akapewa zaidi ya dola milioni 1.3. Uamuzi huo unatajwa mpaka leo katika mashauri ya hakimiliki yasiyohusiana kabisa na muziki wa roki.

*Je, ni kweli kwamba kwa miaka mingi alikataa kuimba "Proud Mary"? Kwa nini mtu ajiadhibu hivyo?*

Ni kweli. Kwa muda mrefu baada ya bendi kuvunjika hakuziimba nyimbo za Creedence hadharani, na hata alipozunguka Marekani mwaka 1986 baada ya kutoa "Eye of the Zombie" aliziacha nje, jambo lililowaudhi watazamaji waliolipa kiingilio wakitarajia kuzisikia. Sababu aliyoitoa ni kwamba kila aliposimama kuziimba alihisi anamchumia yule aliyemdhulumu. Kifedha hoja hiyo ilikuwa na ukweli kidogo, kwa sababu wimbo unapoimbwa hadharani mwenye haki ya utunzi hupata chochote. Kisanaa ilikuwa hasara tupu, kwa sababu katika ukimya wake watu wengine waliendelea kuziimba. Ike na Tina Turner walikuwa wameshaugeuza "Proud Mary" kuwa wao tangu mwaka 1971, wakaufikisha nafasi ya nne na kushinda tuzo ya Grammy, na vijana wengi hawakujua kwamba ulikuwa na mwenyewe.

Fogerty amesimulia kwamba Bob Dylan ndiye aliyemzindua. Usiku mmoja wa Februari 1987, katika klabu ya Palomino huko North Hollywood, alijikuta jukwaani pamoja na Dylan, George Harrison na mwanamuziki wa blues Taj Mahal, na Dylan akamwambia kwamba asipouimba "Proud Mary" watu wataamini kuwa ni wimbo wa Tina Turner. Akauimba. Julai mwaka huo huo alishiriki katika onyesho la kuwakaribisha nyumbani askari waliopigana Vietnam, akaziimba nyimbo zake za zamani mbele yao. Hilo lilikuwa na uzito wa pekee, maana "Fortunate Son" wa mwaka 1969 ulitungwa kuwalalamikia watoto wa wakubwa walioepushwa na vita hiyo huku watoto wa maskini wakipelekwa, na askari walikuwa wameufanya wimbo wao. Wasomaji wawili wameuliza kama ni wimbo wa kuwatukana askari: sivyo hata kidogo, na mtunzi wake mwenyewe alivaa sare ya jeshi.

Hata hivyo hakupona kwa siku moja. Mwaka 1990 alisafiri Mississippi kuyatafuta makaburi ya wanamuziki wa blues, na ameeleza kwamba huko, akiwaza juu ya Robert Johnson, alitambua kwamba haijalishi ni wakili gani anashikilia karatasi za nyimbo za marehemu huyo, kila ajuaye muziki anajua ni za nani. Kutoka hapo aliweza kurudi kwa nyimbo zake kwa moyo mweupe zaidi. "Blue Moon Swamp", iliyomchukua miaka kadhaa kuikamilisha, ilitoka mwaka 1997 na ikampa tuzo ya Grammy ya albamu bora ya roki.

*Alipatana na wenzake?*

Kwa ufupi, hapana. Tom aliegemea upande wa Zaentz katika ugomvi huo, na alipofariki Septemba 1990 ndugu hao wawili hawakuwa wamesuluhishana kikamilifu. Creedence walipoingizwa katika Rock and Roll Hall of Fame, jumba la heshima la wanamuziki wa roki, mwaka 1993, John alikataa kupiga pamoja na Cook na Clifford, akapanda jukwaani na Bruce Springsteen na Robbie Robertson bila wenzake. Yeye alikuwa na sababu zake, kwani aliwalaumu kwa kushirikiana na kampuni juu ya matumizi ya nyimbo, lakini anayetazama kwa mbali anaona wanaume watatu waliofahamiana tangu utotoni wakishindwa kupiga wimbo mmoja. Mwaka 1995 Cook na Clifford waliunda Creedence Clearwater Revisited, na jina hilo likaleta mashauri mengine ambayo sitawachosha nayo.

*Sasa nyimbo hizo ni za nani?*

Mambo yamegeuka kwa sehemu kubwa. Mwaka 2004 Fantasy ilinunuliwa na kampuni ya Concord, na wamiliki wapya wakamrudishia Fogerty mrabaha aliokuwa ameuachia, hatua iliyomfanya arudi kurekodi kwenye lebo ile ile aliyoikimbia na kutoa humo "Revival" mwaka 2007. Zaentz, ambaye wakati huo alikuwa mtayarishaji wa filamu mwenye tuzo za Oscar, alifariki Januari 2014. Mnamo Januari 2023 Fogerty, akiwa na umri wa miaka 77, alitangaza kwamba amepata sehemu kubwa ya haki za uchapishaji, yaani zile haki za utunzi, za nyimbo zake za Creedence duniani kote kwa makubaliano na Concord. Rekodi za zamani, yaani zile sauti za studioni, hazimo katika makubaliano hayo.

Kwa nini Concord wakubali? Mbali na nia njema, kuna kipengele cha sheria ya Marekani kinachompa mtunzi wa kazi za kabla ya mwaka 1978 nafasi ya kuzidai tena haki alizozikabidhi, pindi miaka 56 inapotimia tangu hakimiliki ilipoanza, ikiwa atatoa taarifa kwa wakati. Wimbo wa mwaka 1969 unafikia hapo mwaka 2025. Mnunuzi anayejua kwamba nyumba itabidi kurudishwa kwa mwenyewe karibuni huwa mwepesi wa kuzungumza bei.

*Mimi ni mtunzi kijana na nimeletewa mkataba wa kurekodi. Kisa cha Fogerty kimenitisha. Niangalie nini?*

Mpe wakili asome, na awe wakili wako, asiwe wa kampuni. Ukishafanya hivyo, mwulize mambo ambayo Fogerty hakuyauliza akiwa kijana wa miaka ishirini na ushee. Haki ya utunzi inabaki kwako au inaondoka pamoja na rekodi? Deni la kazi linahesabiwa kwa miaka au kwa idadi ya nyimbo, na je, nyimbo ambazo hukuzitoa mwaka huu zinakufuata mwakani? Bendi ikivunjika, nani anabaki amefungwa? Swali la mwisho ndilo watu hulisahau zaidi, kwa sababu siku ya kutia saini hakuna anayefikiria kuachana. Hata hivyo usidhani kila kampuni ni adui. Bila Fantasy kugharimia rekodi zao za mwanzo pasipokuwa na dalili ya faida, huenda tusingewajua.

*Nianzie wapi kusikiliza?*

Anza na "Cosmo's Factory" ya mwaka 1970, kwani humo utakuta kila alichokiweza: nyimbo fupi za dakika mbili zisizo na neno la ziada, na pia "I Heard It Through the Grapevine" iliyonyooshwa mpaka dakika kumi na moja. Halafu sikiliza "Willy and the Poor Boys" kwa ajili ya maneno, na "Centerfield" ili usikie anavyofanya kazi peke yake. Agosti 2025 alitoa "Legacy", ambamo amezirekodi upya nyimbo za Creedence akishirikiana na wanawe Shane na Tyler, kwa uaminifu mkubwa kwa zile za awali. Ninaelewa kwa nini alitaka kuwa na rekodi zilizo chini ya mamlaka yake, na sauti yake kwa umri huo inastaajabisha, lakini nikiambiwa nichague nitazichukua zile za zamani, kwa sababu Clifford na Cook hawaharakishi mapigo hata pale wimbo unapowasukuma, na gitaa la Tom lililo chini chini limewashika wote watatu pamoja.